Maswali yenu: Chuo cha kilimo hupimwa shambani, si langoni

Kila matokeo ya kidato cha nne yanapotoka, barua za aina mbili hutujia kwa wingi: za wazazi na vijana wanaotafuta nafasi katika vyuo vya kilimo, na za wanafunzi waliokwisha kuingia wakakwama kwenye vitalu vyao. Safari hii tumezichanganya. Mzazi akiona mwanafunzi wa mwaka wa kwanza anahangaika na nini, atajua aulize nini kabla ya kulipa ada.

SWALI: Shikamooni. Kijana wangu ana D ya Biolojia, D ya Jiografia, D ya Kiswahili, C ya Uraia na D ya Elimu ya Dini ya Kiislamu. Kemia na Hisabati ni F. Jirani ananiambia masomo matano yamefaulu, chuo cha kilimo anaingia bila wasiwasi. Ni kweli?
*Mama wa mtahiniwa, Iramba*

JIBU: Marahaba, mama. Jirani amehesabu somo moja la ziada. Kwa udahili wa vyuo vya ufundi na vya kati, somo la dini halihesabiwi. Kwa hiyo kijana ana ufaulu wa masomo manne, ambao ndio mlango wa chini kabisa wa ngazi ya cheti. Ameufikia, lakini kwa kilimo na mifugo hesabu haiishii hapo, maana kozi nyingi hutaja pia masomo ya sayansi yanayotakiwa, na kijana ana Biolojia peke yake. Jiografia baadhi ya kozi huihesabu humo, nyingine haziihesabu.

Pata mwongozo wa udahili unaotolewa na NACTVET, baraza linalosimamia elimu ya ufundi na mafunzo ya ufundi stadi. Ndani yake kila chuo kimeorodheshwa pamoja na namba yake ya usajili, kozi zake, sifa za kuingia, muda na ada. Usisome jina la chuo tu. Soma mstari wa kozi yenyewe, kwa sababu chuo kimoja kinaweza kuwa na kozi mbili zenye masharti tofauti. Na chuo kisichoonekana humo, hata kama kina basi jipya, msilipie fomu.

Akikosa kwa sababu ya somo moja la sayansi, ni afadhali arudie Kemia kama mtahiniwa wa kujitegemea kuliko kutupa pesa za fomu kwenye vyuo vitano vitakavyomjibu jambo lile lile.

Jambo jingine la kujua mapema ni kwamba anayetoka kidato cha nne huanzia NTA 4, yaani Astashahada ya Awali, kisha NTA 5 ambayo ni Astashahada, kisha NTA 6 ambayo ni Stashahada. Kila ngazi ni mwaka mmoja, jumla miaka mitatu. Aliyemaliza kidato cha sita na ana prinsipali moja na sabsidiari moja katika masomo yanayotakiwa husoma miwili. Pangeni fedha za miaka mitatu tangu siku ya kwanza. Anayeishia NTA 4 kwa kukosa ada hurudi nyumbani na karatasi ambayo waajiri wachache sana huijali.

SWALI: Nimepata nafasi vyuo viwili. Kimoja kiko mjini, kina majengo mapya. Kingine kiko kijijini, mabweni ya zamani, mtandao wa simu wa kubahatisha. Nichague kipi?
*Mwombaji, Kahama*

JIBU: Nenda ukavione vyote viwili, na ukifika usianzie ofisini. Anzia shambani.

Uliza mwanafunzi mmoja ana kitalu chake mwenyewe au wanagawana kitalu kimoja watu kumi na tano. Kwa kumi na tano, watatu watalima na kumi na wawili wataandika majina kwenye ripoti. Uliza maji ya kiangazi yanatoka wapi: kisima, mto au bwawa, na je, pampu inafanya kazi leo? Chuo kisicho na maji ya kiangazi hufundisha bustani kwa ubao. Angalia stoo: mabomba ya kupulizia mangapi yana mpini na nozeli, mizani ya gramu ipo au haipo, oga ya kuchukulia udongo ipo au ni picha ukutani. Kama kuna mifugo, muulize anayewalisha ng'ombe leo asubuhi walitoa lita ngapi za maziwa. Akikujibu kwa namba na kukuonyesha daftari, hapo kuna shule. Akikwambia "ni nyingi tu", umeshajua.

Angalia pia fani. Vyuo vya kilimo vya Wizara, vile vinavyoitwa MATI, vingi vina kozi ya kilimo kwa ujumla: Ukiriguru (Mwanza), Uyole (Mbeya), Ilonga (Kilosa), Tumbi (Tabora), Maruku (Bukoba), Naliendele huko Mtwara. Lakini anayetaka umwagiliaji na matumizi bora ya ardhi, macho yake yawe Igurusi, Mbeya. Mpunga ni KATC, Moshi. Matunda, mboga na maua ni Tengeru, Arusha. Miwa na sukari ni Kidatu. Mifugo ina wakala wake, LITA, wenye kampasi kadhaa zikiwemo Tengeru, Mpwapwa, Buhuri, Madaba na Morogoro. Kila siku tunaona kijana aliyelelewa kwenye majaruba ya mpunga akienda kusoma kozi ya jumla mkoa wa mbali kwa sababu tu hakuambiwa kwamba chuo cha mpunga kipo.

Mtandao wa kubahatisha unaudhi, hatukatai. Ila kati ya chuo chenye mtandao na chuo chenye maji, chagua maji.

SWALI: Niko mwaka wa kwanza. Kitalu changu cha mahindi ni mita 5 kwa 6. Mwalimu alitaka kilo 60 za naitrojeni na kilo 40 za fosfati (P2O5) kwa hekta, nitumie mbolea za DAP na urea. Nimepata DAP gramu 261 na urea gramu 391. Amekata urea, hajaeleza. Nimekosea wapi?
*Mwanafunzi, Kilosa*

JIBU: DAP umeipata sawasawa. Urea umeikosea kama wanavyoikosea wengi: umesahau kwamba DAP nayo ina naitrojeni ndani yake.

Namba za kwenye mfuko, 18-46-0, zinasema kila kilo 100 za DAP zina kilo 18 za naitrojeni na kilo 46 za fosfati. Ndiyo maana hesabu huanzia kwenye fosfati. Kilo 40 gawanya kwa 0.46 ni kilo 87 za DAP kwa hekta. Sasa kilo hizo 87 zidisha kwa 0.18: unapata kilo 15.7 za naitrojeni ambazo tayari zimeshaingia ardhini wakati wa kupanda. Ulitakiwa utoe 15.7 kwenye 60, ibaki 44.3. Urea ina asilimia 46 ya naitrojeni, kwa hiyo 44.3 gawanya kwa 0.46 ni kilo 96 na kidogo kwa hekta. Kitalu chako ni mita za mraba 30, sawa na hekta 0.003. Jibu la urea ni gramu 289. Ile 391 yako imetokana na kugawanya 60 nzima kwa 0.46. Kwenye kitalu ni gramu 102 za ziada. Kwenye hekta ni kilo 34, kama theluthi mbili ya mfuko wa kilo 50. Mkulima utakayemshauri hivyo atazilipia.

Sasa shambani. Kwa nafasi ya sentimita 75 kwa 30, mche mmoja kila shimo, usigawe eneo kwa 0.225 ukaishia kuandika miche 133. Hiyo ni hesabu ya karatasi. Chukua kamba: upana wa mita 5 unabeba mistari 7, ya kwanza na ya mwisho ikiwa sentimita 25 kutoka ukingoni, na kila mstari wa mita 6 una mashimo 20. Ni mashimo 140. DAP gramu 261 kwa mashimo 140 haifiki hata gramu 2 kwa shimo, na kizibo cha soda hakipimi kiasi hicho. Kizibo huchukua mara mbili na zaidi ya hapo. (Usituamini sisi: jaza vizibo kumi, sawazisha kwa kidole, pima vyote pamoja kwenye mizani, gawa kwa kumi. Na rudia kwa urea, kwa sababu urea ni nyepesi kuliko DAP na kizibo kile kile hakitatoa uzito ule ule.)

Njia nyepesi kwa kitalu kidogo ni kupima kwa mstari. Gawa 261 kwa 7, ni gramu 37 kila mstari. Chimba mfereji, nyunyiza, funika kwa udongo wa sentimita 3 hadi 5, ndipo uweke mbegu juu yake. Mbegu ikigusana na DAP huungua, na utaona mapengo kwenye mstari siku ya nane ukidhani ni panya. Urea nayo gawa kwa 7, gramu 41 kila mstari, weka wiki ya tatu hadi ya nne mahindi yakiwa magotini, udongo ukiwa na unyevu, kando ya mche si kwenye shina, na uifukie. Urea iliyoachwa juu ya udongo kwenye jua hupotea hewani kama amonia, na hapo hesabu yako yote nzuri inakuwa kazi bure.

SWALI: Kwenye shamba la chuo mwenzangu na mimi tulipewa ekari moja moja ya mahindi na kiuagugu kile kile, lebo inasema mililita 500 kwa ekari. Sote tulitia mililita 90 kwa bomba la lita 16. Yeye alimaliza mabomba 8, mahindi yakababuka. Mimi mabomba 4, magugu yamerudi. Dawa ina tatizo?
*Wanafunzi wawili, Tabora*

JIBU: Dawa haina tatizo. Yeye alimwaga mililita 720 kwenye ekari, wewe 360. Lebo ilitaka 500. Mililita 90 kwa bomba ni kipimo sahihi kwa mtu anayemaliza mabomba matano na nusu kwa ekari, na hakuna kati yenu aliye mtu huyo. Mmekopi kipimo cha mtu mwingine bila kukopi mwendo wake.

Kila mpuliziaji lazima apime bomba lake kwa mwendo wake, kwa maji matupu, kabla ya kugusa dawa. Pima eneo la mita 10 kwa 10 katika shamba lile lile, maana lami ya chuo haiwezi kukupa mwendo wa matuta. Tia lita 5 za maji kwenye bomba. Puliza eneo lote, nozeli ikiwa kama nusu mita juu ya kinachopuliziwa, ukipampu kwa mpigo usiobadilika. Ukimaliza, mimina maji yaliyobaki kwenye jagi lenye alama. Tuseme yamebaki lita 2.8, basi umetumia 2.2 kwa mita za mraba 100. Ekari ina kama mita za mraba 4,047, kwa hiyo zidisha kwa 40: lita 88. Gawa kwa 16, ni mabomba 5.5. Mililita 500 gawa kwa 5.5 ni kama 91. Rudia mara tatu. Majibu yakipishana sana, mwendo wako bado haujatulia, na hilo hurekebishwa kwa miguu, si kwa kalamu.

Wewe wa mabomba manne, huenda unakimbia au nozeli yako imeziba nusu. Mwenzako wa manane, tunamshuku nozeli. Tundu lililosafishwa kwa msumari au waya hupanuka, likatoa maji mengi na matone makubwa. Nozeli husafishwa kwa mswaki wa zamani na maji. Ikishapanuka ni ya kutupwa, na bei yake ni ndogo kuliko hasara ya tuta moja. Tazameni pia chujio chini ya mfuniko na ndani ya mpini, na mpira wa pistoni: ukilegea, presha hupanda na kushuka na mtaona michirizi ya magugu hai katikati ya yaliyokufa.

Mawili ya mwisho. Maji ya bwawa yenye tope huua nguvu ya kiuagugu cha glaifoseti, kwa sababu dawa hiyo hung'ang'ania chembe za mfinyanzi. Tumieni maji safi. Na bomba la viuagugu liwe na alama yake, lisipuliziwe nyanya hata baada ya kusuuzwa mara tatu. Mabaki kidogo tu yanatosha kukunja majani ya kitalu kizima. Glovu, buti, barakoa na miwani hatutaji, maana mwalimu asiyewadai hivyo hakustahili kuwaacha mguse mfuniko.

SWALI: Niko mafunzo kwa vitendo kijijini. Sampuli ya udongo niliyopeleka maabara imerudi na fosforasi juu sana, lakini mahindi ya mkulima yana majani ya zambarau, dalili ya kukosa fosforasi. Maabara imekosea?
*Mwanafunzi, Muheza*

JIBU: Kabla ya kuilaumu maabara, jiulize sampuli ulichukua wapi. Fosforasi ya juu namna hiyo mara nyingi hutoka mahali palipokuwa zizi, lilipokuwa jalala au mifuko ya mbolea ilipowahi kuwekwa. Sehemu kama hizo, pamoja na kingo za barabara, vichuguu, chini ya miti na kwenye majivu, hurukwa.

Shamba la ekari moja au mbili lenye rangi moja ya udongo na historia moja, pita zigizaga ukichukua sehemu 15 hadi 20. Likiwa na bonde jeusi na mlima mwekundu, hizo ni sampuli mbili, usizichanganye. Ondoa nyasi za juu, chimba shimo la umbo la V kina cha sentimita 20, kata kipande chembamba cha upande mmoja kutoka juu hadi chini. Tia kwenye ndoo ya plastiki. Ndoo ya bati huongeza zinki kwenye majibu. Changanya, tandaza kwenye turubai safi, gawa mafungu manne, tupa mawili yanayotazamana, rudia mpaka ibaki nusu kilo hadi kilo. Anika kivulini, si juani wala mekoni. Andika lebo kwa penseli, moja ndani na moja nje, maana wino hufutika kwa unyevu.

Kuhusu zambarau, hata udongo wenye fosforasi huweza kuizuia. Tazama pH kwenye karatasi hiyo hiyo. Chini ya 5.5, alumini huumiza mizizi na fosforasi hufungwa. Baridi na udongo ulioshindiliwa pia huleta rangi hiyo kwa miche michanga, kisha huondoka yenyewe.

SWALI: Nina miaka 34, niliishia darasa la saba. Nataka kujifunza kufuga kuku na bustani kwa utaratibu, si kwa kubahatisha. Kuna chuo kitakachonipokea?
*Mama mkulima, Newala*

JIBU: Kipo, dada, na kimejengwa kwa ajili ya watu kama wewe. Vyuo vya Maendeleo ya Wananchi, ambavyo watu huviita FDC, vilianzishwa mwaka 1975 kwa kujifunza kutoka Sweden, na vipo wilaya nyingi. Havidai cheti cha kidato cha nne. Vina kozi ndefu na fupi, za kulala bwenini na za kutoka nyumbani, na kilimo na mifugo ni sehemu ya mafunzo yao pamoja na ushonaji, useremala na mengineyo. Nenda mwenyewe ukaulize ratiba ya kozi fupi, kwa sababu hizo hufunguliwa kulingana na idadi ya waombaji: mkijikusanya wanawake kumi au kumi na watano mtasikilizwa haraka kuliko mmoja mmoja. Kama una mtoto mchanga, uliza kama kuna malezi ya watoto chuoni. Baadhi ya vyuo vinayo.

SWALI: Je, stashahada ya kilimo inapata mkopo? Na nikimaliza naweza kwenda SUA, Chuo Kikuu cha Sokoine cha Kilimo?
*Wasomaji kadhaa*

JIBU: Mkopo, ndiyo kwa stashahada: tangu mwaka wa masomo 2023/24 Bodi ya Mikopo inapokea maombi ya stashahada katika fani za kipaumbele, kilimo na mifugo zikiwemo. Soma mwongozo wa mwaka husika kabla ya kujaza, na andaa mapema cheti cha kuzaliwa kilichohakikiwa, ndicho kinachowakwamisha wengi siku ya mwisho.

SUA, ndiyo pia, ukiwa na stashahada yenye wastani wa GPA 3.0 au zaidi na ufaulu wa masomo manne ya kidato cha nne, halafu masharti ya kozi yenyewe. Anayepata 2.9 mwaka wa mwisho hujuta kwa kitalu kimoja alichokidharau, kwa sababu alama za vitendo zinaingia humo humo.

Kwa wanaotaka kufungua duka la pembejeo badala ya kusubiri ajira ya Afisa Kilimo Msaidizi: mbegu utashughulika na taasisi ya TOSCI, mbolea ni mamlaka ya TFRA, viuatilifu ni mamlaka ya TPHPA. Vibali ni vitatu tofauti. Usianze na rafu za duka, anza navyo.